Mrejesho: kile kitabu cha uganga katika hadithi yangu

Ndugu zangu, niliwauliza namna ya kukiwekea mipaka kitabu cha uganga nilichokibuni, kwa kuwa mwenye nacho aliweza kila kitu na taharuki ikafa. Nawashukuru nyote mlionijibu.

Nilifuata ushauri wa kuiga kombe, yaani dawa ya maandishi ya Kurani yanayooshwa kwa maji na kunywewa. Sasa maneno yameandikwa kwa zafarani, na anayetaka nguvu zake sharti ayaoshe kwa maji na kuyanywa, ukurasa ukabaki mtupu wenye madoa ya manjano. Kwa hiyo mfalme, aliyebakiwa na ukurasa mmoja, analazimika kuchagua kati ya kumponya mwanawe na kuituliza bahari. Hapo hadithi ilisimama imara.

Ushauri wa kukificha kitabu Kilwa Kisiwani, kisiwa chenye magofu ya kale mkoani Lindi, haukunifaa, ingawa mimi ni mtu wa Lindi, maana wasomaji wangu wa kwanza walianza kunidai historia ya kweli. Nimebuni kisiwa kingine, nikabakiza kuta za matumbawe na kuba za msikiti.

Kilichonishinda ni mashairi ya laana. Mizani imekaa sawa, lakini hayatishi: rafiki yangu wa Mikindani aliyasoma akacheka. Nimebakiza mistari miwili tu, mingine inafutika kabla mhusika hajaisoma.