Pingamizi la kodi halijaamuliwa, benki imepewa notisi: Mahakama Kuu Mbeya inaweza kuzuia?

MpungaNaHesabu: Wakuu, nauliza kwa niaba ya wenye mashine za kukoboa Mbarali. Makadirio ya kodi yametoka, pingamizi liko kwa Kamishna Mkuu wa TRA (Mamlaka ya Mapato Tanzania), jibu bado. Benki nayo ikipewa notisi ya kutoa fedha za mlipakodi kwa deni lilelile, tunaweza kuomba zuio Mahakama Kuu hapa Mbeya?

Uyole77: Mtatolewa mapema, mkuu. Mashauri ya madai yanayotokana na sheria za kodi zinazosimamiwa na TRA huanzia Bodi ya Rufani za Kodi (Sura ya 408). Na kwenye Bodi yenyewe msikimbilie na makadirio matupu: katika shauri la JSC Atomredmetzoloto, Mahakama ya Rufani ilisema bila uamuzi wa pingamizi Bodi haina mamlaka.

Swali langu: pingamizi *limepokelewa* kisheria, au limegongwa mhuri masjala tu? Sharti lake ni kulipa theluthi ya kodi iliyokadiriwa au kiasi msichobishania, kilicho kikubwa zaidi kati ya hivyo viwili. Makadirio ya 48,000,000/=, mnakubali 10,000,000/=: lipeni 16,000,000/=. Mkikubali 20,000,000/=, ni hiyo 20. Likishapokelewa, wajibu wa kulipa kiasi kilichobaki unasimama mpaka uamuzi utoke.

Mwanasheria_Soweto: Kuna mapitio ya mahakama pia, yaani Mahakama Kuu kukagua uhalali wa uamuzi wa mamlaka ya umma. Kibali kinaombwa ndani ya miezi 6.

Uyole77: Kipo, ila jaji ataanza kuuliza kwa nini hamkumaliza njia ya pingamizi na rufani. Kwa deni la kawaida sioni mkivuka hapo.

MpungaNaHesabu: Theluthi imelipwa. Barua ya kupokelewa hatuna.

RisitiKwanza: Basi anzeni na barua hiyo. Halafu kagueni risiti: aina ya kodi na mwaka ni vya makadirio yanayobishaniwa? Namba ya malipo ikitoka kwa deni jingine, fedha zinapunguza deni hilo, na pingamizi linabaki kama halijalipiwa. Wengi hukwama hapa, sheria wala haijaguswa.

Andikeni kwa meneja wa TRA wa mkoa, mwombe notisi iondolewe. Ambatanisheni makadirio, pingamizi lenye mhuri unaoonyesha mlikuwa ndani ya siku 30, risiti, na nakala ya notisi. Benki ipeni nakala, ingawa itasubiri barua ya TRA. Asiyeweza theluthi huomba kwa Kamishna ipunguzwe au isamehewe, kwa maandishi na sababu za msingi.

Uyole77: Na wekeni tarehe ya kupokelewa kwenye kalenda. Miezi 6 ikipita bila uamuzi, makadirio yanahesabika yamethibitishwa na mlango wa Bodi unafunguka. Uamuzi ukija kabla, taarifa ya kusudio la rufani ni siku 30 na rufani yenyewe siku 45, zote tangu siku mliyokabidhiwa uamuzi. Msianze kuhesabu 45 baada ya 30 kwisha.