Mjadala: Locronan iseme au isiseme matanga yake ya meli yalikwenda wapi?

Wadau, naleta hoja inayotuhusu kuliko inavyoonekana kwa mbali.

Kuna mji mdogo wa shamba unaitwa Locronan, huko Bretagne, ncha ya magharibi ya Ufaransa. Wakazi wake ni kama 800 tu, lakini watalii hawakatiki. Wanafuata uwanja wa katikati, ambao umebaki karibu kama ulivyokuwa karne ya 18: nyumba za mawe ya graniti, kisima, na kanisa kubwa la Mtakatifu Ronan lililojengwa karne ya 15. Nyaya za umeme zimefukiwa ardhini na magari ya wageni huachwa pembeni ya mji. Watengenezaji wa filamu wakitaka mandhari ya zamani, hapo ni mojawapo ya mahali wanapokimbilia.

Fedha iliyojenga mji huo ilitokana na matanga ya meli. Kwa karne kadhaa watu wa Locronan na vijiji vya jirani walilima mmea wa nyuzi, wa jamii moja na bangi ila si wa kuvuta. Waliuloweka mpaka shina lioze, wakaliponda, wakachambua nyuzi, wakasokota, kisha wakafuma kitambaa kizito kinachostahimili upepo wa bahari kuu. Wanamaji wa mfalme walikinunua. Kampuni ya Kifaransa ya India, ile ya bandari ya Lorient, ilikuwa na ofisi pale pale uwanjani. Nyumba yenyewe bado imesimama na mgeni huonyeshwa kwa fahari.

Sasa swali. Simulizi ya urithi wa mji iishie kwenye sifa za wafumaji na uzuri wa mawe, au iendelee mpaka kule meli zilikokwenda? Mimi nasema iendelee, na iandikwe hapo uwanjani mtu aisome.

Sababu zangu ni hizi. Kampuni hiyo ilikuwa na visiwa katika bahari yetu: Bourbon, ambayo leo ni Réunion, na tangu 1721 Île de France, ambayo leo ni Mauritius. Mwaka 1735 alifika gavana Mahé de La Bourdonnais, mzaliwa wa Saint-Malo, Bretagne hiyohiyo. Port Louis aliijenga kwa jasho la watumwa, na wengi wao walitoka Madagaska na Msumbiji. Kampuni ilipopokonywa ukiritimba wake mwaka 1769, wafanyabiashara binafsi waliingia kwa nguvu na kupanda na pwani mpaka Kilwa. Hapo mwaka 1776 Mfaransa aliyeitwa Morice aliwekeana mkataba na Sultani wa Kilwa: watumwa 1,000 kila mwaka kwa piasta 20 (sarafu za fedha za wakati huo) kila kichwa, na juu yake piasta 2 za zawadi ya sultani kwa kila mtu anayepakiwa. Mpaka karne ya 19 inaanza, visiwa hivyo viwili vilikuwa vimepokea zaidi ya watu 100,000 kwa njia hiyo. Na zama hizo meli bila tanga haikutoka bandarini.

Najua pingamizi litakalokuja kwanza, na ni zito. Mfumaji wa Locronan hakuwa mfanyabiashara wa watumwa. Alikuwa maskini, aliyelipwa kwa kipande cha kitambaa, na faida iliishia kwa wenye nyumba kubwa za uwanjani. Tena Wabretoni wenyewe wameonewa. Mwaka 1675 wakulima wa Bretagne waliasi kodi za mfalme wa Ufaransa, Louis wa 14, na baada ya uasi kuzimwa, minara ya makanisa yao kadhaa ilibomolewa iwe adhabu. Baadaye shuleni mtoto aliyesikika akisema Kibretoni alivikwa kitu shingoni ili aaibike mbele ya wenzake, adhabu ambayo wengi humu tunaijua au wazazi wetu waliionja. Lugha iliyokuwa na wasemaji zaidi ya milioni moja katikati ya karne iliyopita leo imebaki na kama 100,000, wengi wao wazee. Watu wa namna hiyo tunawabebesha dhambi nyingine ya nini?

Hapo ndipo natofautiana na wanaopinga. Sisemi wabebeshwe dhambi. Nasema kazi ya mikono yao ielezwe yote, tangu shambani mpaka baharini, kwa sababu mnyonyaji aliyemlipa mfumaji senti chache ni yuleyule aliyemnunua Mmakua wa Msumbiji. Ukikata simulizi katikati, unamficha huyo tajiri. Mfumaji hapati heshima yoyote kwa kukatwa huko.

Pingamizi jingine linatoka kwetu, na nalikubali bila kuzunguka: piasta 2 za sultani. Kilwa Kisiwani ni Urithi wa Dunia tangu 1981, na tunapenda kuusifu msikiti wake mkuu na dhahabu ya Sofala. Mkataba wa 1776 tunaupita haraka. Anayeidai Locronan ukweli aidai na Kilwa pia, na kama kuna waongoza wageni wa Kilwa humu, ningependa sana kusikia wanausimuliaje.

Kwamba watalii watakimbia, sioni. Nantes, bandari iliyotoa meli nyingi za utumwa kuliko bandari nyingine yoyote ya Ufaransa, ilifungua mnara wa kumbukumbu ukingoni mwa mto mwaka 2012, na wageni bado wanakwenda. Sheria ya Ufaransa ya mwaka 2001 imeshatamka kwamba biashara hiyo ilikuwa jinai dhidi ya ubinadamu.

Lipo na hili: kila miaka sita Locronan hufanya hija kubwa ya Troménie. Watu huzunguka kilomita 12 mashambani wakibeba bendera za parokia, wakipita vibanda vya matawi vyenye sanamu za watakatifu, wakifuata njia ambayo inasemekana Ronan, mtawa wa Ireland, aliipita. Ya mwisho ilikuwa Julai 2025, ijayo ni 2031. Mji unaotunza njia ya mtu mmoja kwa karne zote hizo una nguvu ya kukumbuka na wengine.

Napendekeza kibao kiwekwe penye ile ofisi ya Kampuni, kwa Kibretoni, Kifaransa, Kimakua na Kiswahili, kikitaja mmea, wafumaji, meli, visiwa na watu waliopakiwa. Wapo watakaosema mahali pake ni Lorient, kwenye bandari yenyewe, si kijijini. Nawasikiliza, ila watueleze kwanza: kama ofisi ilifaa kuwa Locronan, kibao chake kisifae kwa nini?