Mjadala: Kodi ya wananchi ilipie filamu fupi, au mwongozaji ajitafutie?

MLETA MADA

Wadau, salaam. Nimekuwa nikifuatilia safari ya Benedikt Erlingsson wa Iceland, mwigizaji aliyekuja kuwa mwongozaji, na imenifikisha kwenye swali hilo hapo juu. Naomba tulijadili bila kuogopana.

Benedikt alizaliwa 1969, na kwake hasa ni jukwaani. Pale Borgarnes, mji mdogo wa Iceland, amesimama peke yake jioni nzima akisimulia habari za Egill Skallagrímsson, mshairi na mpiganaji wa kale, mtu mmoja akibeba wahusika wote, karibu kabisa na shamba alikoishi Egill mwenyewe. Mwaka 2006 Lars von Trier wa Denmark alimpa nafasi ndogo kwenye filamu yake ya vichekesho: awe mkalimani wa tajiri wa Kiaislandi mwenye hasira. Tajiri huyo aliigizwa na Friðrik Þór Friðriksson, mwongozaji ambaye kazi yake iliwahi kuteuliwa kuwania Oscar.

Mwaka uliofuata Benedikt akaongoza filamu fupi. Mwaka 2008 akaongoza nyingine. Ndipo 2013 ikaja filamu ndefu yake ya kwanza, Hross í oss, na mtayarishaji alikuwa yule yule Friðrik Þór. Ikachukua tuzo ya filamu ya Baraza la Nordiki (chombo cha ushirikiano wa nchi za kaskazini mwa Ulaya) mwaka 2014, na filamu yake nyingine ndefu, Kona fer í stríð, ikaichukua tena 2018.

Sasa tazameni ile miaka kati ya 2007 na 2013. Filamu fupi haikatiwi tiketi. Hakuna ukumbi unaojaa kwa ajili ya dakika kumi na tano. Mtu anaongoza, anaigiza kwa wenzake apate kodi ya nyumba, anarudi tena kwenye muswada wake. Katika nchi ya watu wasiofika laki nne, ambako Kiaislandi hakina soko nje ya mipaka, nani atamlipa mtu huyo kama si umma?

Serikali yao ina milango miwili. Wa kwanza ni mfuko wa filamu, uliotungiwa sheria mwaka 1978: unapeleka muswada wa filamu, unasomwa, ukibahatika unapewa ruzuku. Wa pili ulifunguliwa 1999: anayepiga picha za filamu nchini humo anarudishiwa sehemu ya alichotumia. Walianza na asilimia 12. Mwaka 2022 wakaruhusu asilimia 35 kwa kazi kubwa, yaani inayotumia angalau krona (fedha ya Iceland) milioni 350 na siku 30 za kazi nchini. Filamu fupi haiwezi hata kuuona mlango huo wa asilimia 35. Wageni wamepiga pale picha za tamthilia ya True Detective: Night Country, ambamo Iceland imeigiza kuwa Alaska. Nchi nzima imevaa jina la jimbo la Marekani!

Msimamo wangu: fedha zikipungua, ruzuku ya filamu fupi iwe ya mwisho kuguswa. Karibuni.

MCHANGIAJI WA KWANZA

Ndugu mleta mada, nakuheshimu, ila naomba nitofautiane nawe. Mimi ni mtu wa taa, miaka kumi na mbili sasa. Waliponipigia simu kutoka kazi ya wageni, nilifanya wiki saba mfululizo, nikalipwa kila Ijumaa, nikamaliza ada ya watoto wawili. Filamu fupi nimeshika taa nyingi tu, na malipo yalikuwa wali na shukrani. Kuna moja mpaka leo nadai nauli.

Halafu umezungumzia asilimia 35 kana kwamba ni zawadi. Mgeni lazima kwanza atumie mia ndani ya nchi: hoteli, madereva, mafundi seremala, wapishi, magari ya kupanda theluji. Akishatumia, zikakaguliwa, ndipo anarudishiwa 35. Zile 65 zimebaki. Na fundi aliyejifunza kazi kwenye lokesheni ya wageni ndiye huyo huyo atakayeishika kamera ya Benedikt siku ya pili. Filamu fupi inafundisha watu wangapi? Watano, sita?

MCHANGIAJI WA PILI

Mimi nina mifano miwili, mmoja wa huko Iceland na mmoja wa karibu na nyumbani. Mwaka 2006, Rúnar Rúnarsson wa hukohuko Iceland aliteuliwa kuwania Oscar ya filamu fupi kwa Síðasti bærinn: mzee kwenye shamba la pembezoni, mkewe amefariki, na kabla watu hawajaja kumhamishia kwenye nyumba ya wazee anachimba kaburi kwa mikono yake. Baadaye, 2015, filamu yake ndefu ilishinda tuzo kuu ya tamasha la filamu la San Sebastián, Hispania.

Mwaka 2018, kwenye kundi lile lile la Oscar, iliteuliwa filamu fupi inayosema Kiswahili: Watu Wote, habari ya basi lililovamiwa Mandera, Waislamu wakawakinga abiria Wakristo. Nilipoiona nililia. Lakini iliongozwa na mwanafunzi wa chuo cha filamu cha Hamburg, Katja Benrath, ikiwa kazi yake ya kuhitimu. Simlaumu hata kidogo, amefanya kazi ya heshima. Ninachouliza ni hiki: Wakenya wangapi walikuwa na hadithi hiyo kifuani na hawakuwa na pa kupeleka muswada?

MLETA MADA

Kaka mtu wa taa, kwanza pole kwa nauli. Aliyekulisha wali akakuita msanii mwenzake amekukosea, na hilo ni sababu nyingine ya ruzuku: filamu fupi yenye fedha inalipa mafundi. Isiyo nazo inaishi kwa migongo yao.

Hoja yako ya 65 naikubali. Umenirekebisha, sikuipima vizuri. Lakini zile 65 zinalipa mikono. Hazimlipi mwenye kukaa chini akaandika kwa lugha yake mzee yule wa shambani alisema nini, na wageni hawatakuja kumwandika. Kwa hiyo nabadili pendekezo: wageni waendelee kurudishiwa, ila katika kila krona mia wanazorudishiwa, moja ikatwe iingie kwenye filamu fupi za wenyeji.

MCHANGIAJI WA KWANZA

Moja naikubali, kaka. Ila iandikwe kwenye mkataba wa ruzuku kwamba fungu la mwisho la mwongozaji halitoki mpaka mafundi wote wawe wamesaini kuwa wamelipwa.