Mjadala: Je, Annie Ernaux aliwavua nguo wazazi wake?

Hoja iliyotolewa ni kwamba Annie Ernaux, mwanamke wa kwanza wa Ufaransa kutunukiwa Nobel ya Fasihi, mwaka 2022, alijipatia sifa kwa kuanika aibu za wazazi wake, watu wa kawaida waliokuwa na duka lenye baa ndogo mjini Yvetot, Normandy. Nusu ya hoja hiyo naikataa, nusu naikubali.

Tuanze na baba. Katika La Place, kitabu kilichopata Renaudot, tuzo ya fasihi ya Ufaransa, mwaka 1984, mzee huyu yuko ofisini kwa mwanasheria wa hati, anatakiwa aandike kwa mkono wake kwamba amesoma na kukubali, naye anakosea tahajia, kisha njia nzima ya kurudi nyumbani kosa hilo halimtoki moyoni. Nani anacheka hapo? Ernaux alikataa kumfanyia baba yake riwaya; akatumia lugha kavu, ileile aliyowaandikia wazazi wake barua za kuwapasha habari, ili msomaji msomi asipate upenyo wa kumdharau wala kumhurumia. Anayefedheheka kitabuni ni binti aliyesoma, ambaye aliwahi kuwaonea haya waliomsomesha.

Wala hakujisitiri mwenyewe. Katika L'Événement, cha mwaka 2000, alisimulia jinsi alivyotoa mimba akiwa mwanafunzi, Januari 1964, wakati sheria ya Ufaransa ikilihesabu tendo hilo kuwa jinai.

Ninapokwama ni kwa mama. Ernaux alikwisha kumwandikia Une femme, kitabu cha heshima. Kisha mwaka 1997 akachapisha kumbukumbu alizokuwa akiziandika yeye binti wakati mama huyo akiugua Alzheimer, ugonjwa unaofifisha akili ya mtu, hadi mama alipofariki mwaka 1986. Hata jina la kitabu, linalosema kwamba hajatoka katika usiku wake, ni sentensi ya mwisho aliyoiandika mgonjwa. Najua mtanitolea methali ya mficha uchi hazai, lakini methali hiyo inamhusu mwenye uchi wake, si mtoto anayemfunua mzazi asiyeweza tena kuvuta shuka.

Ernaux alieleza kwamba kwa muda mrefu hakukusudia kuzichapisha kumbukumbu hizo, kisha akaona kuwa picha moja iliyokamilika ya mama yake, ile ya Une femme, inapaswa kutiliwa shaka. Hiyo ni sababu ya mwandishi. Ya mama siioni. Anayeiona na atuoneshe.