Naomba ushauri: Dragon Ball FighterZ kwenye PS4 bado inalipa?

Wakuu, habari zenu. Nimeirudia Dragon Ball FighterZ, gemu ya mapigano ya 2018 yenye wahusika wa katuni ya Dragon Ball, kwenye PS4. Watengenezaji wake, Arc System Works, waliifanyia kazi hasa; mhusika Gohan akiachia Kamehameha, lile pigo la mwale wa nguvu, ni kama unaangalia katuni yenyewe. Shida ni mtandaoni. Mfumo mpya wa kupunguza kuchelewa uliotoka 2024 ulipelekwa PS5, Xbox Series na kompyuta, PS4 ikaachwa. Nabonyeza kukinga, ngumi imeshaingia! Timu yangu ni Gohan, Bardock na Android 16.

Je, niendelee kupiga mazoezi na kucheza sebuleni na wadogo zangu, au nijichange ninunue PS5? Na kuunganisha kwa waya badala ya Wi-Fi kunasaidia kweli? Mwenye uzoefu anisaidie, gemu hii naipenda sana.