Idara haijanilipa, mwaka wa pili huu. Niende mahakama gani?

Bi. wa Mkunguni
Assalam alaykum wanajamvi. Mimi ni mkandarasi mdogo hapa Amu (Lamu, Kenya), nina ile hati ya zabuni za wanawake na vijana. Machi 2023 nilitia sahihi mkataba na idara moja ya serikali, jina nalihifadhi, wa kukarabati madarasa matatu upande wa Pate kwa shilingi 2,340,000. Wa visiwani mwajua kazi hiyo ilivyo: saruji inashuka Mokowe, inapanda jahazi, mkifika mnangoja maji yajae, kisha punda. Safari moja mifuko 11 ililowa ikaganda kama mawe. Hasara yangu.

Desemba 2023 kamati ya ukaguzi na upokeaji ilikuja, wakaridhika, wakasaini. Ankara niliipeleka wiki ile ile. Tangu hapo ni "mtandao hakuna", "bajeti imefungwa", "rudi baada ya Juni". Mwenye duka la vifaa ananidai 600,000, naye ni jirani. Siku hizi sipiti Langoni, nazungukia pwani.

Jingine: injinia wao alisema tuongeze birika la maji ya mvua. Kwa mdomo tu. Nikajenga, 310,000. Kwenye mkataba halimo. Nifanyeje?

Kijana wa Shela
Pole dada. Peleka Bodi ya Rufaa ya Ununuzi wa Umma, hao hawacheleweshi. Au Mahakama ya Madai Madogo, siku 60 kesi imekwisha.

Karani Malindi
Kijana, hapana kwa yote mawili. Bodi ile ni ya kulalamikia jinsi zabuni ilivyotolewa, ndani ya siku 14; deni la kazi iliyokwisha si lake. Madai Madogo mwisho wake ni shilingi milioni 1.

Bi., shikamoo. Nimekuwa karani wa wakili miaka tisa, kesi za namna hii nazijua kwa harufu. Kwanza angalia tarehe. Deni la mkataba baina ya watu binafsi lina miaka 6, lakini ukiishtaki serikali ni miaka 3. Zile "rudi baada ya Juni" ndizo zinazokula muda wako. Pili, soma mkataba kama una kifungu cha usuluhishi. Ukiruka kwenda kortini, wataomba kesi isimame mpaka mwende kwa msuluhishi.

Kama hakina, pesa zako hakimu anaweza kuzisikiliza, si lazima uanzie Mahakama Kuu. Dai na riba: Sheria ya Ununuzi wa Umma ya 2015, kifungu cha 140, inaitambua kwa malipo yaliyochelewa. Ile karatasi ya kamati ndiyo roho ya kesi, toa nakala tatu. Na leo hii waandikie ukiuliza ankara imekwama meza gani. Sheria ya Kupata Habari ya 2016 inawapa siku 21 kujibu.

Birika ni dai jingine, usilichanganye na ankara. Nyongeza ya kazi hutakiwa iwe kwa maandishi na iidhinishwe, na hapo ndipo watakapokubana.

Mzee wa Kokoto
Karani kasema kweli ila kaishia njiani. Mimi nilishinda kesi. Nikaenda kwa dalali wa korti nikitaka akamate gari lao, akanicheka mpaka akakaa chini! Mali ya serikali haikamatwi, Sheria ya Kesi za Serikali kifungu cha 21, na kaunti nazo zimo humo.

Ukishapata hukumu, ngoja siku 21 uombe hati ya amri kortini, umpelekee afisa anayesimamia fedha za idara. Akinyamaza, unaomba mandamus, yaani amri ya kumlazimisha alipe, na hiyo haitoki kwa hakimu, ni Mahakama Kuu. Mimi nilikuja Malindi, ninyi wa Amu mna Garsen njiani. Akiidharau mandamus, anaitwa yeye mwenyewe, kwa jina lake, aeleze kwa nini asifungwe. Wangu alipopata ile samansi nililipwa kabla ya siku ya kusikizwa. Miaka yote ile fedha "hazikuwapo"!

Bi. wa Mkunguni
Marahaba karani, na shikamoo mzee. Mkataba nimeusoma usiku huu kwa tochi, stima ilipotea. Kifungu cha usuluhishi sikukiona. Karatasi ya kamati ninayo, ila saini ya tatu imefifia, ilipata maji ya chumvi.

Kuhusu birika: kwenye simu nimepata ujumbe wa injinia, sauti, anasema "mama, lile birika liwe la lita elfu kumi". Unafaa kitu?

Karani Malindi
Unafaa sana. Usiufute, na simu hiyo usiiuze wala usiibadilishe. Korti itataka cheti cha kuthibitisha umetoka kwenye chombo gani. Ya saini, wanakamati bado wapo kazini? Waombe nakala ya kwao kabla hujatuma barua ya wakili. Baada ya barua hutaipata.