Tumechoka kufundishwa kwamba Kanada iliasisiwa na Waingereza na Wafaransa peke yao

Wakuu, nafungua uzi huu nikiwa na hasira, na nitajitahidi kuieleza kwa utaratibu. Hapa Winnipeg, jimboni Manitoba, sisi wahamiaji wapya tunapelekwa kwenye darasa la kuifahamu nchi. Katika darasa nililohudhuria tuligawiwa karatasi yenye mfululizo wa tarehe ulioanza mwaka 1608, Samuel de Champlain alipoanzisha mji wa Quebec, ukapita mwaka 1759, Waingereza walipowashinda Wafaransa nje ya mji huohuo, na kuishia mwaka 1867 lilipoundwa shirikisho. Chini yake paliandikwa kwamba Wakanada ni wana wa mataifa mawili waasisi, na kwamba wengine wote walikuja baadaye kujiunga nao. Tulikuwa Wakongomani, Warundi, Wafilipino na Waukraine, na sote tukanakili upotoshaji huo madaftarini kana kwamba ni kifungu cha katiba.

Katiba yenyewe haisemi hivyo. Kifungu cha 35 cha Sheria ya Katiba ya mwaka 1982 kinatambua haki za wenyeji wa asili, na kinawataja kwa makundi matatu: Mataifa ya Kwanza (sheria yenyewe inawaita "Indian"), Wainuit na Wametis. Watoto wapatao 150,000 wa makundi hayo walipitishwa katika shule za bweni zilizowekwa makusudi ili kuwasahaulisha lugha na mila za wazazi wao, na ya mwisho haikufungwa hadi miaka ya 1990. Somo la asili ya Wakanada linalowaruka watu hao linaendeleza kazi ya shule zile, hata kama mwalimu hana nia mbaya.

Linaloniuma zaidi ni kwamba haya yanafundishwa Winnipeg. Wametis walichipuka kuwa taifa katika bonde hili la mto Red, kutokana na ndoa za wanawake wenyeji wa asili, wa Kikree na Kiojibwe, na wanaume wa Kifaransa na Kiskoti waliofuata biashara ya manyoya. Hawakubaki kuwa nusu huku na nusu kule. Walikuwa na bendera yao, kanuni zao za kuwinda nyati wa nyanda hizi, na lugha yao, Michif, ambayo vitenzi vyake ni vya Kikree na nomino zake nyingi ni za Kifaransa. Magari yao ya kukokotwa yalijengwa kwa mbao na kamba za ngozi, bila hata msumari mmoja wa chuma, na ekseli hazikupakwa mafuta kwa sababu vumbi lingeganda na kuzikwamisha. Msafara ulisikika ukilia kwa mbali sana kabla haujaonekana. Serikali ya Ottawa ilipotuma wapima ardhi mwaka 1869 bila kuwauliza wenyewe, Wametis wakiongozwa na Louis Riel waliwazuia, wakaunda serikali ya muda, na wakajadiliana hadi Manitoba ikaingia katika shirikisho kama jimbo mwaka 1870. Riel alinyongwa mjini Regina tarehe 16 Novemba 1885, na kaburi lake liko St. Boniface, ng'ambo tu ya mto kutoka katikati ya mji. Kama huyu si mwasisi, basi mwasisi ni nani? Karatasi yetu haikuwa na hata jina lake.

Hayo maneno ya waasisi wawili yana historia ambayo wanaoyarudia wangepaswa kuijua. Mwaka 1963 serikali iliunda tume ya kuchunguza lugha mbili na tamaduni mbili, na hadidu za rejea zilizungumzia ubia wa jamii mbili waasisi. Waukraine, ambao wazee wao walikuwa wakilima nyanda za magharibi tangu miaka ya 1890, walikataa katakata, na mwaka 1964 Paul Yuzyk, mwenzao, akalipinga jambo hilo waziwazi ndani ya Seneti. Tarehe 8 Oktoba 1971 Waziri Mkuu Pierre Trudeau alitangaza bungeni kwamba nchi ina lugha rasmi mbili lakini haina utamaduni rasmi, na mwaka 1988 msimamo huo ukawa sheria. Kwa hiyo tunachofundishwa leo ni fikra ambayo serikali yenyewe iliiacha zaidi ya nusu karne iliyopita.

Wapo pia ndugu zetu wanaosema kwamba sisi weusi ni wageni tu huku, tunyamaze. Marie-Joseph Angélique, mwanamke mtumwa, alinyongwa Montreal mwaka 1734 kwa tuhuma ya kuuchoma mji, miaka 25 kabla Waingereza hawajautwaa mji wa Quebec. Mwaka 1783 weusi wapatao 3,000, walioahidiwa uhuru kwa kuunga mkono upande wa Uingereza katika vita vya uhuru wa Marekani, walishuka Nova Scotia, wengi wao Birchtown, wakapewa ardhi ya mawe au wasipewe kabisa. Wapatao 1,200 waliondoka mwaka 1792 wakaenda kuanzisha Freetown huko Sierra Leone. Waliobaki vizazi vyao vipo hadi leo. Wachina nao walijenga reli ya kupita milima ya British Columbia kwa maelfu, na ilipokamilika mwaka 1885 walianza kutozwa kodi ya kichwa ya dola 50 kwa kila aliyeingia, ikafika dola 500 mwaka 1903, na kuanzia 1923 hadi 1947 wakafungiwa mlango. Huwezi kumzuia mtu kwa sheria asimlete mkewe, kisha ukamwambia amechelewa kujiunga.

Wengine huruka upande wa pili na kudai kwamba Wakanada hawana utambulisho wowote. Katika sensa ya 2021 watu walitaja asili zaidi ya 450, na jibu lililoongoza lilikuwa "Mkanada", watu milioni 5.7, mbele ya waliotaja Uingereza na mbali mbele ya waliotaja Ufaransa. Jibu hilo lina mizizi mirefu Quebec, ambako wazee walijiita Canadiens, yaani Wakanada, tangu karne ya 17. Na Waskoti na Waairishi, milioni 4.4 kila upande, sijui nani aliwaruhusu kuwatia wote katika kapu la Waingereza.

Naomba kila aliyepitia darasa la namna hii, awe Edmonton, Toronto, Montreal au kwingineko, aandike hapa alichofundishwa kama kilivyokuwa na aeleze kama wenyeji wa asili walitajwa. Nitakusanya majibu yote, tuandike barua moja kwa wizara zinazogharamia madarasa hayo, na tuitie saini kwa majina yetu.